Mlango wa Kushoto

Watu wa Galbet, mtaa wetu hapa Garissa, walimwita Mkalimani, na mimi sina jina lingine la kumpa. Jina alikuwa nalo bila shaka, na baba, na babu, na ile safu ndefu ya mababu ambayo kila Msomali atakutajia bila kuvuta pumzi. Hayo waulize wengine. Mimi ni fundi wa redio na runinga, kibanda changu kiligusana na ukumbi wa video alikofanya kazi, na kwa miaka mingi nilimjua kwa sauti kuliko kwa sura.

Kazi yenyewe vijana wa siku hizi hawaijui. Kabla simu hazijajaa mifukoni, ukumbi wa video ulikuwa chumba cha mabati, mabenchi ya mbao, runinga moja yenye mgongo kama sanduku, na pembeni yake mtu ameshika kipaza sauti. Filamu zilikuwa za Kihindi. Kihindi hakuna aliyekijua. Yeye ndiye aliyezigeuza papo hapo kuwa Kiswahili, kwa sababu mle ndani palikuwa na kila namna ya watu: Wasomali waliotoka kuuza mbuzi, Waborana waliotoka Wajir na lori, matanboi wa malori kutoka Mwingi, askari wa likizo, na sisi watu wa mtoni. Mtu mmoja, sauti zote. Alikuwa kijana, alikuwa msichana, alikuwa mama mkwe na polisi, na akibanwa alikuwa hata mbwa.

Siku moja nilimuuliza, "Hivi Kihindi unakijua kweli, au unatupiga chenga?"

"Fundi," akasema, "mimi najua baba akikataza mtoto wake anasema nini. Hiyo ni lugha moja tu, dunia nzima."

Picha aliita "bicha" na vita aliita "fita," na ngeli za Kiswahili alizichanganya kama mpishi wa harusi anavyochanganya viungo, kwa mkono mkubwa. Lakini ukifumba macho ukasikiliza, husemi huyu anakosea. Unasema huyu binti ameonewa, na wewe mwenyewe unatafuta leso.

Mimi, niseme ukweli, nilikuwa mtu wa ngumi. Filamu za mapenzi nilizidharau vibaya sana. Mwanamume mzima analia kwenye mvua, anaimba mlimani, anarudi nyumbani hajapata hata kushikwa mkono! Nikamwambia Mkalimani: kama wanapendana, si waoane yaishe? Alinitazama kwa huruma, vile unavyomtazama mtu aliyeuliza kwa nini ngamia hatagi.

"Wakioana mabema, hizo saa mbili zingine tufanye nini, tule njugu?" Halafu akanyoosha kidole kuelekea daraja la Tana. "Wewe mtu wa mto, unaniuliza mimi? Mapenzi kama haina mto, hiyo si mapenzi. Hiyo ni ujirani."

Huo ndio ulikuwa msemo wake mkuu, na kila aliyewahi kukwama Madogo, upande wa pili wa daraja, maji yamefunika barabara, anauona mji ng'ambo pale na hawezi kuufikia, alielewa mara moja. Mto ungeweza kuwa chochote: baba, dini, umaskini, ugonjwa, hata aibu tu ya kijana asiyejua kuanza mazungumzo. Lakini ilibidi uwe mto wa kweli. Mto wa kuvuka kwa kupandisha suruali magotini alikuwa anaudharau, na filamu ya namna hiyo aliifasiri haraka haraka kama mtu anayesoma tangazo la ukutani.

Misemo mingine aliitoa kwa vipande, akinywa maji kati ya kaseti na kaseti. Mtu asiye na kazi hapendwi kwenye filamu, anahurumiwa tu. Kwa hiyo mwanzo wa kila filamu alitafuta kijana anafanya kazi gani, na kama filamu haikusema, alimpa kazi yeye mwenyewe. Tuliwahi kuwa na mpenzi aliyekuwa fundi wa redio kwa filamu nzima kwa sababu yangu, na kumbe, mtu aliyejua Kihindi alituambia baadaye, yule alikuwa mtoto wa jaji. Tena alisema baba anayekataa lazima apewe hoja. "Baba akiwa bumbafu, bicha imekufa," alisema. "Lazima wewe uliyekaa benchi useme, hata mimi ningekataa." Nilidhani ni maneno ya kazini tu. Subirini.

Lile neno lenyewe, nakupenda, hakulitamka hata siku moja. Msichana akilisema, na kwenye filamu zile hulisema kila baada ya dakika chache, Mkalimani alisema, "Amemuuliza kama amekula." Na kijana akijibu, "Anasema bado." Basi ukumbi mzima unashusha pumzi. Niliwahi kumwona dereva wa lori, jitu la mabega, anafuta macho kwa kofia kwa sababu mtu alikuwa bado hajala.

Wakibusiana, alirusha shuka lake juu ya runinga na kutangaza, "Wanasalimiana." Salamu nyingine zilikuwa ndefu, na watazamaji walipiga miluzi, lakini shuka halikuondoka mpaka watu wale wamemaliza kujuliana hali. Na nyimbo hakuzifasiri kabisa. Wimbo ukianza alitangaza mifugo iliyopotea: mbuzi mweupe, sikio la kulia limekatwa, ameonekana upande wa hospitali, mwenye habari amwone mwenye ukumbi. Nyuma yake wapenzi wanazunguka miti.

Msimdhanie mlaini. Sokoni alibishana bei mpaka muuzaji anakumbuka deni la Mungu. Harusi hakupenda kwenda, alisema ni kelele na wali mbichi. Na mwisho wa filamu hakuutoa nje kwa mtu yeyote. Ukimkuta hotelini ukamuuliza, yule msichana alipona? alikuelekeza kwa kidevu mlango wa ukumbi: "Mwisho uko ndani." Rafiki yake wa damu aliugua akakosa nusu ya filamu, akamsihi kitandani, akaambiwa hivyo hivyo.

Sasa nije kwenye ukuta.

Nyuma ya ukumbi, mgongo kwa mgongo na runinga, palikuwa na banda la chai la binti wa Maalim. Maalim alikuwa mwalimu wa Kurani aliyeheshimiwa mtaa mzima, mwenye duksi, yaani madrasa, iliyojaa watoto na mbao zao za kuandikia. Bintiye alikuwa mtu mzima, ameolewa mara moja akaachwa, amerudi kwa baba yake na anauza chai ya maziwa ya ngamia. Kuingia ukumbini haikuwezekana. Mwanamke hakuingia mle, na binti wa Maalim ndiyo kabisa. Lakini mabati hayazuii sauti. Alikuwa anapika chai huku filamu inampitia masikioni siku nzima, na picha hajaiona hata moja.

Ilianza hivi, nami nilikuwa nimekaa kibandani kwangu ninasikia pande zote mbili. Kwenye filamu palikuwa kimya kirefu. Msichana anaondoka, hasemi neno, muziki tu. Ghafla kutoka nyuma ya mabati sauti ya mwanamke ikauliza, si kwa nguvu, kama mtu anayejiuliza mwenyewe: "Jamani, huyu ameenda wapi?"

Mkalimani aliugeukia ukuta. Kisha akasema kwenye kipaza sauti, "Anapanda gari moshi. Amekaa dirishani. Haangalii nyuma."

"Tunaona!" watazamaji wakafoka. "Tuna macho, bwana!"

Hakujibu. Tangu siku ile akaanza kusimulia vitu ambavyo kila aliyelipa kiingilio aliviona mwenyewe. Anafungua dirisha. Amevaa nguo ya kijani. Kijana amesimama mvuani, mlango uko kushoto, lakini hagongi. Watu walinung'unika wiki nzima, walimuuliza kama analipwa kwa neno. Nyuma ya mabati, yule binti naye alipata njia yake: akipotea kwenye hadithi, aligonga ukuta kwa kijiko cha chai mara moja, *ti*, na Mkalimani alirudi nyuma akaeleza. Wateja walidhani ni bati linalopasuka kwa jua. Garissa hapa, nani angeshangaa?

Mimi nilithibitisha kwa msiba. Binti Maalim alisafiri Wajir kuzika shangazi yake, banda likafungwa, na siku zote hizo Mkalimani hakueleza mlango wala dirisha. Alifasiri maneno tu, kavu. Binti aliporudi, moshi wa kuni ukapanda, kijiko kikagonga, na ndani kipaza sauti kikasema, "Anashuka ngazi. Bole bole. Ana shanga mguuni." Nikacheka peke yangu kama chizi. Wale wawili walikuwa hawajawahi kuzungumza ana kwa ana zaidi ya "chai moja" na "karibu."

Mkalimani akatuma wazee wapeleke posa, kama ilivyo ada. Nilikwenda nao kwa ujirani, nikakaa karibu na viatu. Maalim alitukaribisha vizuri, tende zikaja, kisha akasema bila hasira: "Nimeuliza habari zake. Haweki tumbaku mdomoni, anaswali, anamtunza mama yake. Lakini mtu anashika kipaza sauti, analia kwa sauti ya mwanamke mbele ya wanaume wazima? Binti yangu ameachwa mara moja, watu wakamsema. Nikimpa huyu, watamsema tena kila filamu ikianza. Aache ile kazi yote, halafu mrudi."

Nilitoka mle nimewaka moto. Nikamwambia Mkalimani yule mzee ana roho ngumu, tumtafutie watu wa kumshinikiza. Mkalimani aliketi kwenye benchi langu, amejikunja, uso umepauka.

"Ana hoja," akasema.

"Hoja gani!"

"Fundi, yeye si bumbafu. Hata mimi ningekataa." Alikuwa amempenda yule mwanamke vibaya mno, na hakuwa na sauti ya kulisemea.

Akaacha kazi. Akaenda kuwa dalali kwenye soko la mifugo, na ilikuwa aibu. Mteja akishika mbuzi mgongo kupima nyama, Mkalimani alianza: huyu mama yake alikufa kwa kiangazi, alinyonyeshwa na mbuzi wa jirani, usiku alikuwa analia, mwenyewe hakupenda kumuuza lakini mtoto ana ada. Mnunuzi anasikitika, anampapasa mbuzi kichwani, anakwenda kutafuta mbuzi asiye na historia. Ukumbini walimweka kijana mwingine. Huyo alijua kazi yake: "Anasema anampenda. Na yeye anasema anampenda." Mabenchi yakabaki matupu. Na nyuma ya mabati kijiko hakikugonga tena.

Alasiri moja Mkalimani alikuja kwenye banda la chai, akakaa hadharani, kwa mara ya kwanza bila ukuta. Mimi nilikuwa pale na kikombe changu. Binti Maalim alimmiminia chai bila kumtazama.

"Abowe," akasema, yaani kaka, kwa adabu, "unataka sukari? Sikujui unavyokunywa. Mimi nilimkubali mtu wa nyuma ya mabati. Huyu muuza mbuzi, nani alimleta kwetu?"

Mkalimani akazungusha kikombe. "Nikirudi mle, baba yako hatanipa wewe."

"Najua."

"Basi nifanye nini?"

"Usiniulize mimi. Si wewe unasema mapenzi lazima iwe na mto? Nimesikia kwa hili bati miaka mingapi. Sasa umefika kwa mto, unaniuliza mimi njia?" Akamwekea sukari, nyingi, akageuka kuchochea kuni, na nikaona anajifuta macho kwa ncha ya mtandio. Chai ile haikunywewa.

Kesho yake alirudi kwenye kipaza sauti. Alijua maana yake. Alisema salamu yake ya kila siku, karibuni, kaeni vizuri, anayevuta sigara atoke, na sauti ilikuwa imekwaruza. Mji ukasikia. Hazikupita siku nyingi, Maalim naye akasikia, na alasiri moja nikamwona anakuja na bakora yake, kanzu nyeupe pe, uso umefungwa. Hakuingia ukumbini, hasha. Alizunguka nyuma, akaketi kwenye benchi la binti yake. "Nimekuja kusikia kwa masikio yangu," akasema. "Nisije nikamsingizia mtu."

Binti akamwekea chai. Ndani, Mkalimani hakujua lolote.

Filamu ilikuwa ya mama kipofu aliyemkataa msichana aliyempenda mwanawe. Amemfukuza, amemtukana, amesema sauti yake tu inamchefua. Sasa nyumba imeshika moto, mwana yuko mbali, na aliyekuja mbio ni yule yule msichana. Hawezi kuingia, moshi umejaa, amesimama mlangoni anaita. Na Mkalimani alikuwa anaeleza kama hajawahi kueleza, kwa sababu alidhani anamweleza mtu mmoja tu.

"Mama anashika ukuta. Anasikia sauti ya msichana, anasimama. Hataki kuifuata. Anakohoa. Sasa anaifuata. Bole bole, mkono ukutani. Mlango uko kushoto. Yeye anaenda kulia."

Maalim alikuwa ameweka kikombe chini.

"Msichana anaita tena. Mama amegusa kabati, anafikiri ni mlango. Anapapasa. Hakuna njia. Mlango uko kushoto kwake, hatua chache tu, yeye bado anaenda kulia..."

"Kushoto!" Maalim akapiga kelele. Alikuwa amesimama, bakora juu, anaelekea ukuta wa mabati. "Kushoto, mama! Kushoto!"

Ndani vichwa vyote vikageuka. Sauti ile kila mtu Galbet aliijua, iliwaamsha kwa adhana ya alfajiri.

Na hapo hapo adhana ya magharibi ikatoka msikitini. Runinga ikazimwa, kama ilivyozimwa kila siku adhana ikianza, hiyo ilikuwa sheria ya Mkalimani mwenyewe. Maalim akabaki amesimama na bakora yake, kisha akaishusha, akakohoa, akaondoka kwenda kuswali bila kutazama mtu usoni. Baada ya magharibi filamu iliendelea, lakini yeye alikuwa na wanafunzi wake wa jioni. Hakurudi.

Siku chache baadaye akatuita, wazee wale wale, na safari hii akasema Mkalimani naye aje. Nikakaa karibu na viatu. Maalim alizungumza juu ya mvua ya Mandera, akazungumza juu ya bei ya ngamia, akawauliza wazee habari za magoti yao. Tende zikaisha. Mwishowe akamgeukia Mkalimani.

"Yule mama," akasema. "Alifika mlangoni?"

Mtu asiyetoa mwisho nje kwa yeyote! Nikaona jasho linamtoka. Lakini kuutoa mwisho nje hakukuwa tatizo kubwa. Tatizo ni mwisho wenyewe, ambao mimi niliujua. Mzee aliyekaa naye bega kwa bega akamfinya paja waziwazi. Mimi nilimkonyeza mpaka jicho likauma: sema alifika, wewe, sema alifika uoe!

"Hakufika, Maalim," akasema Mkalimani.

Maalim akaanza, "Innalillahi..." kisha akakumbuka ni mtu wa filamu, akaikatiza njiani, akamwomba Mungu msamaha chinichini. Aliangalia viganja vyake.

"Nilimwambia kushoto," akasema.

"Nilikusikia, Maalim. Sisi wote tulikusikia. Na msichana alimwita mpaka mwisho, hakuondoka."

Mzee akatikisa kichwa, muda mrefu. "Leo ungeweza kunidanganya," akasema, "na nilikuwa nataka kudanganywa, wallahi." Akajifuta uso kwa ncha ya kilemba. Kisha akatoa sharti lake: kipaza sauti ashike, lakini sauti ya mwanamke asiitoe tena maisha yake. Tukasoma Fatiha. Mimi nilipiga amina kubwa mpaka wazee wakageuka.

Sharti lile lilibadilisha filamu zote za Garissa. Kijana aliongea kwa sauti yake, lakini msichana akawa anaelezwa tu: "Anasema haendi. Hapana, ngoja. Hajasema. Anaangalia dirisha." Watu walilalamika siku mbili tatu, kisha wakaanza kuegemea mbele kwenye mabenchi. Ulikuwa unamtafuta yule mwanamke mwenyewe, kwenye uso wake, kwenye vidole vyake, kwa kuwa hukupewa sauti yake bure. Mimi mtu wa ngumi nilijikuta nimeshika chuma cha kuchomelea hewani, kinapoa, ninasubiri kujua kama amesema au hajasema. Nikamwambia Mkalimani sasa nimeelewa, kumbe utamu ni kile usichopewa. Akanicheka. "Hapana, Fundi. Usichopewa ni njaa tu. Utamu ni kujua kuna mtu amekuwekea."

Miaka imekwenda. Simu zikaja, filamu zikaanza kufika zimeshatiwa Kisomali huko huko zinakotoka, na ukumbi ule leo ni duka la jumla la makaroni na mchele. Maalim amefariki, Mungu amrehemu. Watoto wa Mkalimani na binti Maalim wamekua, mmoja anafundisha shule Dagahaley. Yule binti wa chai sasa ni bibi anayeitwa Edo na mtaa mzima, yaani shangazi. Na Mkalimani, sukari ilimpanda, ikamla macho taratibu, moja kisha la pili.

Mwaka huu, mwezi mmoja hivi baada ya Ramadhani, Edo alinipigia simu. "Fundi, kuja angalia tivi. Kuja bila maneno mengi."

Nilifika alasiri. Mkalimani alikuwa amelala. Edo akanivuta barazani, akaninong'oneza: sauti ipo, picha imekufa tangu katikati ya Ramadhani, na Mkalimani hajui. Kila alasiri wanatazama mfululizo wao wa Kituruki. Maneno anayasikia mwenyewe kwa Kisomali, na yeye Edo humweleza picha. Picha ilipokufa, alishindwa kumwambia. "Atasema niache, nisihangaike," akasema. "Halafu atakaa tu pale, anaangalia ukuta. Basi naendelea. Nimezoea, Fundi. Mimi nimeona filamu ngapi bila kuona?"

Kabla sijatoa bisibisi, Mkalimani akaamka, akaita kutoka ndani, na mfululizo ukaanza. Nikaketi. Kioo kilikuwa cheusi tititi, na Edo amekaa mbele yake anamenya vitunguu saumu.

"Anaingia," Edo akasema. "Amevaa nguo ya kijani."

"Mzee amekasirika?"

"Amegeuza uso. Sasa anatafuta njia ya kutoka, moyo wake mbaya leo."

"Mlango uko wapi?"

"Kushoto. Ameuona. Anatoka."

Muziki ukapanda, sauti zikakoma, kimya kikawa kirefu. "Mbona hawasemi?" Mkalimani akauliza.

Edo akatupa ganda la kitunguu saumu. "Wanasalimiana," akasema, na yule mzee akacheka mpaka akakohoa.

Niliifungua runinga baadaye nikajifanya ninasafisha vumbi. Ni taa za ndani ya kioo zilizoungua, kitu cha kuagiza Nairobi na kufunga kwa saa moja. Nilimwambia Edo hivyo kwa kunong'ona. Mkalimani akasema atanisindikiza, akashika kiwiko changu, tukatoka mpaka lango la uzio, mbali na masikio.

"Fundi. Ile tivi imekufa bicha."

"Nani kakwambia? Iko sawa, ni vumbi tu."

"Wacha. Tangu Ramadhani, kila mlango uko kushoto." Alikuwa ananing'ang'ania mkono, na macho yake yasiyoona yamejaa maji. "Nyumba ya tajiri, kushoto. Hosbitali, kushoto. Jela, kushoto. Hakuna nchi wanajenga hivyo. Na kila mtu anayetafuta mlango, anafika. Hata wazee wabaya. Anawafikisha wote, Fundi. Kwa ajili ya baba yake, au ya mimi, sijui."

Mimi hapo nilikuwa nalia, sioni haya kusema.

"Usiitengeneze," akasema. "Na usimwambie kama najua."

Taa zile zilishafika siku nyingi. Ziko hapa kwenye droo yangu, ndani ya karatasi yake. Edo akinipigia kuuliza spea imekwama wapi, namwambia mto umefurika Madogo, magari hayavuki. Ananiambia sawa, Fundi, tutasubiri. Na mwaka huu, wallahi, hata wingu hatujaliona.